Naomba Nirudishiwe Magamba Yangu

Kwa Daktari wa Ngozi,
Chumba cha mwisho kushoto ukishapita maabara,
Mlango ambao kitasa chake lazima kiinuliwe kwanza ndipo kizungushwe.

Mheshimiwa Daktari,

YAH: MALALAMIKO DHIDI YA KUPONA KWANGU

Natumaini barua hii itakukuta u mzima wa afya, pamoja na muuguzi wako ambaye akiita jina la mgonjwa mlangoni, hata waliolala wodini huitika. Mimi pia ni mzima, na hilo ndilo lililonifanya nishike kalamu.

Mimi ni yule mpiga picha za pasipoti uliyemtibu soriasisi, ugonjwa ambao hata mtu mwenye afya akilitamka jina lake huanza kujikuna. Kama umenisahau kwa sura, basi nikumbuke kwa mgongo. Uliwaita wanafunzi wako waje kuuona, wakasimama nyuma yangu na kalamu zao kama watu wanaosoma ramani. Mabaka mekundu yenye magamba meupe juu yake, toka mabegani hadi kiunoni, bila kutaja viwiko, magoti, vidole na kichwa.

Kabla sijalalamika nitoe heshima panapostahili, nisije nikaambiwa shukrani ya punda ni mateke. Ulikuwa mtu wa kwanza kunishika bila glavu. Ukasema mbele ya wanafunzi kwamba ugonjwa huu hauambukizi hata kidogo, ila mwili wenyewe umeingiwa na haraka ya kutengeneza ngozi, kama fundi aliyeahidi nguo nyingi kuliko muda alionao. Kisha ukanipangia njia za tiba mezani moja baada ya nyingine, kama muuza viatu mwenye subira. Kwanza marhamu ya kupaka na mafuta mazito ya kulainisha. Ikishindikana, marhamu yenye lami, ambayo ilinifanya ninuke kama barabara mpya. Ikishindikana, kusimama ndani ya kabati la taa za kutibu ngozi, nimevaa miwani myeusi na karibu hakuna kingine. Ikishindikana, kidonge cha mara moja kwa wiki, pamoja na kupimwa damu ili ini lisije nalo likawa na malalamiko yake. Na baada ya hapo sindano, ambazo ulizitaja kwa sauti ya chini, kama mtu anayemtaja jamaa tajiri asiyepokea simu.

Kwenye sindano hatukufika. Kidonge kilifanya kazi. Viwiko vilisafika, magoti yakafuata, mwishowe na mgongo ukawa laini kama wa mtoto aliyetoka kuogeshwa. Hakuna aliyeniuliza kama niko tayari.

Naomba pia ikumbukwe kwamba uliniahidi. Ulisema kwa kinywa chako kuwa soriasisi haiondoki moja kwa moja, hutulia tu, na inaweza kurudi wakati wowote. Nimesubiri. Kila asubuhi nageuza viwiko dirishani kwenye mwanga, hakuna kitu. Sisemi kwamba wewe ni mwongo, Daktari. Nasema tu kwamba nimeanza kuwa na wasiwasi.

Madhara niliyoyapata kutokana na tiba yako ni haya:

1. Nimepoteza nafasi yangu duniani. Nilipokuwa mgonjwa sikujua msongamano ni kitu gani. Nikiingia benki na shati la mikono mifupi, foleni ilifunguka yenyewe. Kwenye benchi la ofisi yoyote nilikaa katikati, begi langu likakaa kulia, kofia yangu ikakaa kushoto, na bado palibaki pa kujinyoosha. Waungwana walisimama kunipisha, na wengine walikumbuka ghafla kwamba wana shughuli mtaa wa pili. Siku hizi nabanwa kama watu wengine. Wiki iliyopita, katika ofisi ya maji, mtu nisiyemjua alisinzia begani kwangu mpaka namba yake ilipoitwa, na alipoamka aliliacha bega limelowa mate. Enzi za magamba, bega hilo lilikuwa na heshima yake.

2. Kazi yangu imeharibika. Kupiga picha ya pasipoti si kubonyeza tu. Kichwa cha mteja lazima kinyooke, na kwa kawaida mpiga picha humshika mteja kidevu akamweka sawa. Wateja walipoviona vidole vyangu walirudi nyuma mpaka wakaangusha kitambaa cheupe cha ukutani. Ndipo nikabuni rula. Nilisimama mbali, nikainua kidevu kwa ncha ya rula ya mbao, kisha nikailaza na kupima usawa wa masikio. Rula haina aibu wala upendeleo. Picha zangu zilinyooka mpaka afisa wa pasipoti akawa anawaagiza watu waje kwangu, akisema nendeni kwa Rula. Likawa jina langu, na sikulichukia. Sasa mikono ni safi, na wateja wanaiona rula kuwa ni dharau. Mama mmoja aliniuliza kama nimemwona yeye kuwa jora la kitambaa. Basi nimerudi kushika videvu kwa mkono, na mkono wangu una huruma mno, unakifuata kichwa kinakotaka kwenda. Picha zinarudishwa. Yule afisa ameuliza kama Rula amehama na studio imechukuliwa na mdogo wake.

3. Nyumbani nimeshushwa cheo. Nilikuwa na kikombe changu cha bati, kikubwa, chenye kifuniko, ambacho mtu mwingine hakukigusa. Nilijua kwamba kilitengwa kwa woga. Lakini kikombe cha woga na kikombe cha heshima, vikijazwa chai, vinashiba sawasawa. Leo watoto wote wanakinywea, na kifuniko kimekuwa gurudumu la gari la kuchezea. Tena nilikuwa nimesamehewa kuosha masufuria, kwa kuwa sabuni ilinichoma, na katika mikutano ya ukoo hakuna aliyenipa mtoto mchanga nimshike. Mkutano uliopita nilipokezwa watoto mfululizo, kama tofali kwenye ujenzi, na hakuna aliyekuwa mkavu.

4. Umewasha vita katika ukoo. Kama unavyojua, mgonjwa wa ngozi hana daktari mmoja. Kila anayemwona ni daktari, kwa sababu ugonjwa wenyewe uko nje, kila mtu anausoma. Shangazi yangu alinikanda kwa shubiri. Mjomba alinikataza vyakula, kimoja baada ya kingine, mpaka nikabaki na maji, naye akaanza kuyatilia shaka maji. Shemeji yangu, dereva wa lori, alileta grisi ya magurudumu, akisema kama inazuia chuma kisisagike, ngozi ni kitu gani. Ndiyo ile siku nilipokuja kwako nimevimba huku nang'aa. Sasa nimepona, na kila mmoja anasema ni yeye. Shangazi hamjibu mjomba salamu. Shemeji ameanza kuwashauri madereva wenzake. Nilipojaribu kukitaja kidonge chako walinitazama kwa huruma, na shangazi akasema daktari alikuta kazi imekwisha. Yaani wewe, Daktari, katika mashindano haya hata uwanjani hukuingia. Ningerudi kuugua, wote wangekuwa wameshindwa pamoja, na amani ingepatikana.

5. Mama mkwe. Waliosema mgeni njoo mwenyeji apone hawakuwahi kukutana na mama mkwe wangu, maana yeye alisubiri kwanza mwenyeji apone ndipo mgeni aje. Miaka yote ya magamba alinijulia hali kwa simu, kwa umbali unaofaa. Habari za kupona zilipomfikia, alishuka mlangoni na sanduku lenye kamba, akasema amekuja kuona kwa macho yake. Ameshaona. Bado anaendelea kuona. Amechukua kiti changu cha dirishani, kile chenye mwanga, na kila asubuhi anavaa miwani ananikagua viwiko huku akimshukuru Mungu, nami mbele ya mkwe siwezi kukunja uso. Nampenda. Naomba ieleweke kwamba nampenda.

6. Wenzangu hawanitambui. Kwenye benchi la nje ya chumba cha taa nilikuwa na watu wangu. Alikuwepo Bi Lami, ambaye ulimjua kwa harufu kabla hajaingia getini, na alikuwepo mwalimu mstaafu tuliyemwita Mkaguzi, kwa sababu alitazama viwiko vya kila mtu akatoa maksi. Pale hapakuwa na wa kumshangaa mwenziwe. Mtu alijikuna, mwingine akaendeleza hadithi. Juzi nilipita kuwasalimu. Walisogea kunipisha, Daktari, vilevile kama wale watu wa benki. Mkaguzi aliigeuza mikono yangu juu na chini, akaniuliza kama kupona nako kunaambukiza, na kama kunaambukiza basi nikae karibu yake. Walicheka. Mimi nilicheka pia, kisha nikaaga, kwa sababu sikuwa na hadithi ya kuwapa.

7. Hili la mwisho sikutaka kuliandika, lakini mficha uchi hazai.

Mke wangu ni fundi cherehani, anashona sare za shule humohumo sebuleni. Mchana kutwa mashine inanguruma, jioni watoto wanapokea zamu, na kati yetu neno la maana lilikuwa halina pa kupita. Isipokuwa wakati wa kupaka mafuta. Wahenga wamesema mtu hujikuna ajipatapo, lakini hawakusema asipojipata afanyeje. Mimi jibu nilikuwa nalo. Baada ya chakula nilivua shati, nikakaa kwenye kigoda nikampa mgongo, naye akalifungua lile kopo la mafuta mazito.

Viganja vyake vimekomaa kwa sindano na mkasi. Nilivilalamikia sana, nikimwambia vinakwaruza kuliko ugonjwa wenyewe. Lakini hapo ndipo aliponieleza yote: kola iliyogoma kukaa, dada yake aliyenuna, binti yetu anayeogopa hesabu na kuficha, na hofu yake kwamba macho yake yameanza kuchoka na hataki wateja wajue. Mambo hayo hakuwahi kuniambia uso kwa uso. Mgongo aliuamini. Akiwa na hasira nami nilijua kwa uzito wa kiganja, na akinisamehe nilijua pia, maana alipita tena mahali alipokwisha kupaka.

Kisha wewe ukanipa kidonge. Kidonge hakina mikono. Nakimeza kwa maji, peke yangu, nimesimama jikoni. Kopo limepandishwa juu ya kabati la nguo, na baada ya chakula yeye anarudi kwenye mashine, mimi nasoma gazeti ambalo nimekwisha kulisoma. Kola zinaendaje, sijui. Siku chache zilizopita niligundua kwamba ana miwani mpya, na niligundua kwa kuiona usoni kwake, kama mtu baki. Nina hamu naye, Daktari. Tunalala kitanda kimoja, na nina hamu naye kama mtu aliyesafiri.

Kutokana na hayo yote, naomba unipangie tiba ya kunirudisha nilikotoka. Na kwa kuwa ulinipa njia kadhaa za kupona nikachagua, mimi nami nakupa njia kadhaa, uchague iliyo nyepesi kwako.

Njia ya kwanza ni kuurudisha mwili mzima kama ulivyoukuta. Hiyo ndiyo haki yangu, ingawa najua dawa yake haimo katika kabati lako. Njia ya pili ni kurudisha nusu: vidole kwa ajili ya rula na viwiko kwa ajili ya benki. Magoti nakuachia kama zawadi. Njia ya tatu, endapo hizo mbili zinakwenda kinyume na kiapo chako, ni kunirudishia baka moja tu, mgongoni, katikati ya mabega, upana wa kiganja cha mwanamke. Lisiwashe sana. Liwe tu mahali ambapo mkono wangu haufiki. Nikilipata hilo nafuta madai mengine yote, na mama mkwe nitaendelea kuishi naye kwa heshima.

Nikipata jibu la kunikatalia, sitakwenda kwa daktari mwingine, kwa sababu naogopa naye atakuwa hodari.

Nisalimie muuguzi, wanafunzi wako wa ramani, yule wa maabara anayechoma sindano huku akiuliza habari za nyumbani, na mlinzi wa getini ambaye bado ananipungia mkono kwa mbali kwa mazoea. Msalimie Bi Lami, na Mkaguzi mwambie maksi zangu azihifadhi. Hata zile taa za kabatini zisalimie, hazikuwa na kosa.

Wako mtiifu, niliyeponywa bila kuulizwa,

Mpiga Picha (Rula)

Nakala kwa: Muuguzi, aisome kimya kimya kama anaweza.

Tanbihi: Barua hii niliiacha mezani jana jioni nikaenda dukani kununua bahasha. Niliporudi mashine ilikuwa imenyamaza, na mke wangu, na ile miwani yake mpya, alikuwa kwenye ukurasa wa mwisho. Nikajiandaa kukaripiwa. Hakugusia benki, wala rula, wala mama yake, ingawa najua yote aliyasoma. Alisema hivi tu: "Mimi nilidhani umefurahi kuachana na viganja vyangu."

Kisha akanieleza kwamba siku ile uliponiruhusu, muuguzi wako alitangaza pale mlangoni kwamba mafuta ya kulainisha hayaachwi hata ngozi ikisafika, yaendelee kupakwa kila siku. Mlinzi wa getini alisikia. Mimi nilikuwa nafunga vifungo vya shati jipya, sikusikia. Mke wangu, aliyekuwa amenisindikiza, alisikia, na tangu siku hiyo amekuwa akingoja niliombe kopo, wakati mimi nilikuwa nangoja baka. Akapanda kwenye kigoda, akalishusha kutoka juu ya kabati, akalifuta vumbi kwa pindo la sare ya mtoto wa watu.

"Vua shati," akasema.

Kwa hiyo naomba uichukulie barua hii kana kwamba haikuandikwa, kuanzia namba ya kwanza hadi ya saba. Usinirudishie kitu chochote. Kidonge nitaendelea kukimeza kama ulivyoagiza, na damu nitakuja kupima. Usitukane wakunga na uzazi ungalipo, kwa hiyo pia niwie radhi. Naituma tu kwa sababu ya ombi moja dogo lililobaki.

Wakati ananipaka, mke wangu alisema ameona kidoa kinachoanza, kidogo sana, katikati ya mabega, mahali ambapo mkono wangu haufiki na jicho langu halioni, na kwamba kwa usalama ni bora tuwe tunapaka asubuhi na jioni. Mama mkwe aliitwa na miwani yake kuja kushuhudia. Aliukagua mgongo kwa muda mrefu, akasema yeye haoni kitu. Kisha akamtazama binti yake, akavua miwani, akasema sasa anakiona. Tunakuja kwako wote Jumatatu. Ukinitazama ukakuta ngozi safi, tafadhali, Daktari, usiharakishe kusema. Mwambie tu mke wangu kwamba ameona vizuri.